Wifi amempa mwanangu jina la "mtumwa"

*Shikamoo shangazi. Nimejifungua mtoto wa kiume. Mume wangu ni Mhindu wa Kigujarati, mzaliwa wa Dar es Salaam kama mimi. Wifi yangu amechagua jina Haridas, na sherehe ya kumpa mtoto jina ni Jumamosi. Baba yangu, mzee wa kanisa huko Bagamoyo, aliuliza maana yake akaambiwa ni "mtumwa wa Hari". Amesema mjukuu wake haitwi mtumwa. Nifanyeje? – Mama Kichanga*

Marahaba mwanangu, na hongera kwa kujifungua salama.

Usimwambie baba yako kwamba anakuza mambo. Bagamoyo ndiko misafara ya watumwa ilikofikia pwani, na mtu aliyekulia pale ana haki ya kushtuka akilisikia neno hilo likitajwa juu ya mjukuu wake.

Tena hakudanganywa. "Das" ni neno kongwe la Kisanskriti. Katika Rigveda, kitabu kitakatifu cha kale cha Wahindu, linawataja maadui, baadaye likawa mtumwa au mtumishi. Kilichobadilika ni kwamba washairi wa ibada walilitwaa wakalifanya fahari yao. Mmoja wao, Ravidas, alitoka katika jamii ya watengeneza ngozi, watu waliodharauliwa mno. Mwingine, Purandaradasa (1484–1564), husimuliwa kuwa alikuwa tajiri, akagawa mali yake yote, akabaki kumwimbia Mungu wake. Kujiita das kulikuwa kusema: ninaye bwana mmoja, na bwana huyo si binadamu. Hari mwenyewe ni Vishnu, mmoja wa miungu wakuu wa Wahindu, na Wahindu wengi hulieleza jina hilo kuwa "mwenye kuondoa", yaani huwaondolea watu dhambi na huzuni. Hata Gandhi, mtoto wa Porbandar huko Gujarat, alikuwa Mohandas, na wanawe wawili akawaita Ramdas na Devdas.

Kwa hiyo aliyemtafsiria baba yako alikosea kuchagua neno. Kiswahili kina neno la jambo hili hasa: mja. Haridas ni mja wa Hari, kama Abdallah alivyo mja wa Mungu, na sijasikia mtu Bagamoyo akimwonea Abdallah huruma kwa jina lake. Mkumbushe pia, kwa adabu, jinsi Paulo anavyojitambulisha mwanzoni mwa Waraka kwa Warumi: mtumwa wa Kristo.

Kuhusu wifi yako, nakuomba usimwone mwingiliaji. Kwa Wagujarati, shangazi wa mtoto ndiye mwenye heshima ya kumpa jina. Mtoto hulazwa ndani ya kitambaa, kikashikwa pembe na kubembezwa huku wakiimba, kisha shangazi hulitaja jina. Herufi ya kwanza ya jina nayo mara nyingi hufuata nyota ya mtoto. H ni ya nyota ya Karka, yaani Kaa. Muulize kama ndivyo ilivyokuwa.

Mimi jina nimelipenda. Lakini moyo wa baba ukikataa kabisa, kaa na mumeo, kisha mwende pamoja kwa wifi mkamwombe Hariprasad. Herufi ni ileile, Hari ni yuleyule, na prasad ni kile chakula kilichobarikiwa ambacho bila shaka umewahi kukipokea mkononi hekaluni: neema ya Hari. Nendeni kabla ya Jumamosi, na mtoto mwende naye.