Filamu ya ajabu ukumbini Kisumu: usiieleze

Vijana wanaoanza maonyesho ya filamu hapa Kisumu huniuliza waanze na ipi katika hizi fupi za kimajaribio. Mimi huwatajia Un Chien Andalou, yaani Mbwa wa Andalusia (jimbo la kusini mwa Uhispania), ya mwongozaji Luis Buñuel na mchoraji Salvador Dalí, iliyotoka Paris mwaka 1929. Haifiki nusu saa, ni ya kimya, na haina kisa cha kufuata. Wenyewe walikubaliana kutupa kila picha inayoweza kupatiwa maelezo.

Hapo ndipo penye kazi. Watazamaji wetu wamekulia vibanda vya video, ambako DJ hutafsiri na kutia chumvi kila risasi ikilia. Emsii akishika maikrofoni tu, ataanza kufafanua. Mnyang'anye. Asome kwa Kiswahili yale maandishi ya Kifaransa ya kwenye skrini, basi. La kwanza ni "Hapo zamani za kale", nao ukumbi huitikia vizuri kama uliotegewa hadithi. Muda si muda, wembe unapasua jicho.

Kwa hiyo onya mapema: kuna picha ya kutisha mwanzoni, asiyetaka afumbe macho. Kwamba lilikuwa jicho la ndama aliyekufa, sema filamu ikiisha. Watoto wasiwemo, na bodi ya uainishaji iipitishe kwanza, maana ni onyesho la hadhara. Ukumbi wa kanisa uepuke kabisa. Ndani ya filamu kuna watumishi wawili wa Mungu wanaoburutwa kwa kamba pamoja na piano na punda waliooza, na mimi sitakwenda kukuombea radhi kwa mzee wa kanisa.

Muziki, sasa, ni wako. Siku ya kwanza Buñuel alisimama nyuma ya skrini akipiga santuri, mara muziki wa tango, mara opera ya Mjerumani Wagner, na mwenyewe alisimulia kwamba alitia mawe mifukoni endapo watu wangezua fujo. Mimi huweka nyatiti, ala ya nyuzi ya Wajaluo. Ohangla, ngoma yao ya kuchezeka, haifai: watu huinuka kucheza, na wale sisimizi wanaotoka kwenye kiganja hakuna anayewaona.

Taa zikiwashwa, uliza "umeona nini?" Ukiuliza "umeelewa nini?" ukumbi wote utanyamaza kama darasa la hesabu. Mama mmoja muuza omena alisema ameona ndoto za malaria kali, na kuanzia hapo mjadala haukuzimika tena. Lakini jiandae, atatokea mtu wa kuuliza mbwa yuko wapi. Mwambie hayumo. Wala Andalusia haimo.