Nyumba ya Milioni 10 Itatugharimu Ngapi kwa Miaka 20?

SWALI: Mimi na mume wangu tunaishi Donholm, Nairobi, katika nyumba ya kupanga ambayo kodi yake ni shilingi 40,000 kwa mwezi. Tumepata nyumba ya vyumba vitatu vya kulala South C, inauzwa shilingi milioni 10. Tuna milioni 2 za malipo ya kwanza, na benki imekubali kutukopesha milioni 8 kwa riba ya asilimia 14 kwa muda wa miaka 20. Afisa wa mikopo anasema tutalipa shilingi 99,482 kila mwezi, na kwa mishahara yetu miwili tunaweza. Lakini shemeji yangu, ambaye amelipa mkopo kama huu kwa miaka mitano, anasema deni lake ni kama halijaguswa. Je, hilo linawezekana? Na mwisho wa yote nyumba hii itakuwa imetugharimu pesa ngapi? Isitoshe, tumechoka kupoteza pesa kwa kulipa kodi.

JIBU: Dada yangu, shemeji yako anasema kweli, na ni heri umemsikiliza kabla ya kutia sahihi. Nitaanza na jumla. Shilingi 99,482 mara miezi 240 ni takriban shilingi milioni 23.88. Ukiondoa milioni 8 mlizokopa, riba peke yake ni milioni 15.88. Ongeza milioni 2 zenu za mwanzo, na nyumba inayouzwa milioni 10 itakuwa imewatoka karibu milioni 25.9 kabla hatujahesabu mawakili, serikali na bima. Hesabu hiyo inachukulia kwamba riba haitabadilika kwa miaka 20, jambo ambalo hapa kwetu ni nadra.

Sasa tazama kinachotokea mwezi wa kwanza. Riba ya asilimia 14 kwa mwaka ikigawanywa kwa miezi 12, kisha ikahesabiwa juu ya milioni 8, inatoa shilingi 93,333. Kwa hiyo katika zile 99,482 mtakazolipa, 93,333 zinakwenda kwenye riba, na ni takriban 6,150 tu zinazopunguza deni lenyewe. Mwezi wa pili riba inahesabiwa juu ya deni lililopungua kwa hizo 6,150, hivyo sehemu inayopunguza deni inaongezeka kwa shilingi sabini na kitu. Mwendo ndio huo, wa taratibu sana mwanzoni na wa kasi miaka ya mwisho. Mwaka wa kwanza mtalipa shilingi 1,193,780, na deni litapungua kwa 78,700 hivi. Baada ya miaka mitano mtakuwa mmelipa karibu milioni 6, ilhali deni litakuwa bado milioni 7.47. Nusu ya deni haitakuwa imekwisha mpaka mwezi wa 186, yaani miaka 15 na nusu tangu mwanzo. Benki haijamwibia shemeji yako. Hivyo ndivyo mkopo wa malipo sawa ya kila mwezi unavyofanya kazi. Ninachosikitikia ni kwamba watu wengi huonyeshwa kiasi cha mwezi tu, na jedwali lote la malipo, lenye safu ya riba na safu ya deni la msingi, hawalioni hata siku moja. Liombeni leo, mpewe miezi yote 240.

Jedwali hilo linajibu pia neno lako la mwisho, kwamba kodi ni pesa ya kupotea. Kodi yenu kwa mwaka ni shilingi 480,000. Riba mtakayolipa mwaka wa kwanza ni takriban shilingi 1,115,000, na hiyo nayo hairudi. Sisemi msinunue. Kuwa na nyumba yenu, ambayo hakuna atakayewahamisha watoto wakiwa katikati ya muhula, ni jambo lenye thamani kubwa, na huenda bei ya nyumba hiyo ikapanda. Ila nunueni kwa sababu hizo, wala si kwa kudhani kwamba mkopo unawaepusha na gharama ambayo mpangaji anaibeba. Miaka ya kwanza mnakuwa wapangaji wa fedha za benki, tena kwa kodi inayozidi maradufu ile ya Donholm.

Katika yote yanayoamua gharama ya mkopo, lililo mikononi mwenu zaidi ni muda. Mkopo huohuo wa milioni 8, kwa riba hiyohiyo ya asilimia 14, ukilipwa kwa miaka 15 badala ya 20, malipo ya mwezi yanakuwa shilingi 106,539. Tofauti ni kama 7,057 kwa mwezi. Lakini jumla inashuka kutoka milioni 23.88 hadi milioni 19.18, yaani mnaokoa milioni 4.7. Geuza upande wa pili: afisa akiwashauri mchukue miaka 25 ili mpate nafuu, malipo yatakuwa 96,301, nafuu ya takriban 3,180 kwa mwezi, na kwa nafuu hiyo mtalipa milioni 5 zaidi. Nimewaona watu wazima wenye elimu yao wakikubali biashara hiyo kwa sababu hakuna aliyewawekea namba hizo mbili kando kwa kando, na kila mara inaniuma.

Ushauri wangu kwa familia yenye mishahara miwili ni huu: tieni sahihi ya miaka 20, kisha lipeni kama watu wa miaka 15 au zaidi. Mkifunga mkopo kwa miaka 15 na mmoja wenu akapoteza kazi, 106,539 ni wajibu wa kila mwezi. Mkiwa na wa miaka 20 mtaweza kurudi kwenye 99,482 bila kuomba ruhusa ya mtu. Na nguvu ya nyongeza si ndogo. Mkiongeza shilingi 10,000 kila mwezi tangu mwanzo, deni litakwisha baada ya miaka 13 na miezi 9 hivi, na mtakuwa mmeokoa karibu milioni 5.8 za riba. Kuna masharti mawili. Kwanza, someni barua ya ofa muone kama benki inatoza faini ya kulipa mapema. Ikiwapo, jadilianeni iondolewe kabla ya sahihi, kwa sababu baada ya hapo hamna nguvu ya kujadiliana. Pili, andikieni benki kwamba kila shilingi ya ziada ipunguze deni la msingi papo hapo. Zipo benki ambazo, zisipoelekezwa, huiweka ziada hiyo kama malipo ya mwezi ujao, na hapo faida yote inapotea.

Kuhusu riba yenyewe, ulizeni kama ni ya kudumu au ya kubadilika. Yaelekea watawajibu kwamba inabadilika. Basi kumbukeni historia ya karibuni. Riba elekezi ya Benki Kuu ya Kenya, ambayo mabenki huitazama yanapopanga riba zao, ilikuwa asilimia 7 mapema mwaka 2022, ikapanda hadi asilimia 13 Februari 2024, kisha ikaanza kushushwa Agosti mwaka huo. Sheria ya 2016 iliyowawekea mabenki kikomo cha riba ilifutwa Novemba 2019, kwa hiyo hakuna dari ya kisheria. Kinga mliyo nayo ni Sheria ya Ardhi ya 2012, ambayo inamtaka aliyeshika rehani, yaani benki, awape notisi ya maandishi ya angalau siku 30 kabla ya kubadilisha riba, na aeleze kiwango kipya kwa lugha inayoeleweka.

Chukua mfano kwamba mwanzoni mwa mwaka wa pili riba inapanda hadi asilimia 16. Deni wakati huo ni shilingi milioni 7.92, na riba ya mwezi mmoja ni 105,617. Hizo zinazidi zile 99,482 mnazolipa. Mkiendelea na kiasi cha zamani, deni litakuwa linakua kila mwezi huku mkilipa kwa uaminifu. Ili mmalize kwa wakati uleule mtahitaji kulipa takriban 111,036. Benki ikiwapa hiari ya kuongeza malipo au kurefusha muda, na mshahara unaruhusu, chagueni kuongeza malipo. Na kabla hamjahamia South C, jaribuni kwa miezi kadhaa kuishi kana kwamba mnalipa 111,000: lipeni kodi ya Donholm, na kinachobaki hadi kufikia kiasi hicho kiwekeni akiba. Mkilemewa na jaribio hilo, mkopo huu ni mkubwa kuliko familia yenu inavyoweza kubeba.

Msikubali asilimia 14 kabla ya kuzunguka. Kampuni ya KMRC (Kenya Mortgage Refinance Company), iliyoundwa mwaka 2018 ili kuyapa mabenki na Sacco fedha za muda mrefu za mikopo ya nyumba, imewezesha mikopo ya riba isiyofika asilimia 10. Ina viwango vyake vya juu vya mkopo, kwa hiyo ulizeni kama nyumba hii inaingia. Kwa asilimia 9.5, milioni 8 hizo kwa miaka 20 ni shilingi 74,570 kwa mwezi na jumla ya milioni 17.9. Hiyo ni tofauti ya karibu milioni 6 na ofa mliyo nayo, na inatosha kabisa kuwafanya mkae foleni katika ofisi tatu au nne. Jihadharini tu na riba ya flati, inayohesabiwa juu ya deni la mwanzo kwa muda wote bila kujali mmeshalipa kiasi gani. Asilimia 8 ya flati kwa miaka 20 ni sawa na takriban asilimia 11.7 ya salio linalopungua, yaani riba inayohesabiwa juu ya deni lililobaki tu, kama ile ya ofa yenu. Swali la kuuliza ni moja: jumla ya shilingi nitakazolipa hadi mwisho ni ngapi?

Gharama za kuingia zinahitaji pesa taslimu na hazisubiri. Ushuru wa stempu wa kuhamisha umiliki mjini ni asilimia 4 ya thamani, yaani shilingi 400,000 kwenu, na mthamini wa serikali akiona nyumba ina thamani kubwa kuliko bei, mtalipa kwa thamani yake. Kusajili rehani kuna ushuru wa asilimia 0.1 ya mkopo, shilingi 8,000. Wakili wenu mnamlipa nyinyi, na wakili wa benki pia mnamlipa nyinyi. Kuna mthamini binafsi na ada ya benki ya kuandaa mkopo. Mimi huwaambia wateja watenge asilimia 8 ya bei, kwa hiyo 800,000 juu ya zile milioni 2. Kila mwaka kuna bima ya maisha ya kulinda mkopo, bima ya moto na kodi ya ardhi ya kaunti. Ada ya huduma ya jengo ndiyo inayosahaulika sana: ikiwa ni 8,000 kwa mwezi, kwa miaka 20 ni milioni 1.92 hata isipopandishwa kamwe.

Upande wa nafuu, tangu 27 Desemba 2024 sheria inaruhusu riba ya mkopo wa nyumba mnayoishi, hadi shilingi 30,000 kwa mwezi, kuondolewa kwenye mapato kabla ya kutozwa kodi. Awali kikomo kilikuwa 25,000. Msidhani mtarudishiwa 30,000. Kwa mfanyakazi aliye katika ngazi ya kodi ya mapato ya asilimia 30, kinachobaki mfukoni ni shilingi 9,000 kwa mwezi. Pelekeni barua ya benki kwa mwajiri mwezi uleule mnaoanza kulipa, kwani wengi hukaa miaka bila kuidai.

Haki inanitaka niseme pia kwamba milioni 23.88 si shilingi za leo zote. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kwa mwaka, ambayo ni katikati ya lengo la Benki Kuu, malipo ya mwisho ya 99,482 yatakuwa na uwezo wa kununua wa kama 37,500 za sasa, na malipo yote kwa thamani ya leo ni milioni 15 na kidogo. Hilo linapunguza uchungu kwa aliye na mshahara unaopanda. Kwa ambaye mshahara wake umesimama, halimsaidii.

Huenda pia mtaambiwa kwamba benki hairuhusiwi kutoza riba kuzidi kiasi ilichokopesha, na mkajiuliza hizi milioni 15.88 zinatoka wapi. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kilichoanza kutumika Mei 2007, kinahusu mkopo ambao umekwama: tangu siku mkopo unapohesabiwa kuwa haulipiki, riba haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwapo siku hiyo. Mkopo unaolipwa vizuri haulindwi nacho. Mkiona mwezi mgumu unakuja, nendeni benki kabla ya kukosa kulipa, maana baada ya mwezi mmoja wa kukosa, benki inaweza kuwapa notisi ya miezi mitatu, kisha notisi ya siku 40 ya kuuza, na dalali naye huja na gharama zake, ambazo huongezwa kwenye deni lenu.

Kwa hiyo, kabla ya sahihi, rudini kwa afisa wenu mkadai kwa maandishi jedwali la miezi 240, kanuni wanayotumia kubadilisha riba, sharti la kulipa mapema, na orodha ya ada zote. Muulizeni pia nani atamlipa wakili wa kuondoa rehani kwenye hatimiliki siku mtakapomaliza, kwa sababu kufuta rehani na kusajili kufutwa huko nako kunalipiwa.