Nimeshitakiwa peke yangu kwa shamba nililouziwa: muuzaji ataingiaje kwenye kesi?

SWALI: Mwaka 2019 nilinunua shamba la mikichi la ekari nne huku Kigoma Vijijini, na mkataba ulishuhudiwa na kugongwa muhuri ofisi ya kijiji. Sasa nimeletewa wito wa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Mdai anasema shamba ni la marehemu baba yake. Amenishitaki mimi tu. Nataka muuzaji aingie, na serikali ya kijiji nayo iingie. Nianzie wapi?

JIBU: Ndugu msomaji, muuzaji aingie, na mapema. Kuna uamuzi wa Mahakama Kuu wa mwaka 1983 ambao mpaka leo hutegemewa: anayedai ardhi iliyokwisha kuuzwa amshitaki mnunuzi pamoja na muuzaji, na kumwacha muuzaji nje ni kasoro inayoweza kubatilisha mwenendo mzima. Ina mantiki. Shamba lilimfikiaje, kwa kurithi, kugawiwa au kununua, anayejua ni yeye.

Baraza hutumia kanuni zake za mwaka 2003, na pale zisipotosheleza hutumia Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33. Milango yote miwili unayoihitaji iko katika Amri ya Kwanza ya sheria hiyo.

Mlango wa kwanza ni kanuni ya 10(2). Unaomba muuzaji aongezwe kama mdaiwa mwenzako. Baraza linaweza kuamuru hivyo katika hatua yoyote ya shauri, hata bila kuombwa. Likikubali, mdai hurekebisha hati yake ya madai na muuzaji hupewa nakala pamoja na wito. Upungufu wake ni kwamba muuzaji anaingia kumjibu mdai, si kukujibu wewe. Ukishindwa, fedha uliyolipia shamba utaidai kwa kesi nyingine.

Kwa hiyo usiupuuze mlango wa pili, kanuni ya 14: notisi kwa mtu wa tatu. Hapa wewe ndiye unayemdai muuzaji akufidie iwapo shamba litachukuliwa. Ombi husikilizwa upande mmoja, yaani wewe tu bila wengine kuitwa, likiungwa mkono na hati ya kiapo yenye mambo manne: mdai anakudai nini, shauri limefika hatua gani, wewe unamdai nini muuzaji na dai hilo linahusianaje na la mdai, na jina na anuani ya muuzaji. Akishapokea notisi ana siku 21 za kuleta utetezi wa maandishi. Akinyamaza, huhesabiwa amekubali uhalali wa hukumu itakayotolewa dhidi yako.

Maombi mengi hufia kwenye kiapo. Andika ukweli mtupu: "Kwamba tarehe fulani nilinunua kwa fulani shamba la ekari nne, linalopakana mashariki na fulani na magharibi na kijito, kwa shilingi kadhaa, nakala ya mkataba ni kielelezo A." Usiweke hoja za kisheria wala maombi. Weka uthibitisho unaotenganisha unayoyajua mwenyewe na uliyoambiwa, ukimtaja aliyekuambia. Halafu angalia pale chini ulipoapa: tarehe na mahali viwe vimejazwa. Nafasi hiyo ikibaki wazi, kiapo kinaweza kutupwa.

Serikali ya kijiji ni jambo jingine kabisa, na hapa nakusihi usiharakishe. Halmashauri ya kijiji ni mamlaka ya serikali za mitaa. Kuishitaki kunahitaji notisi ya siku 90, na tangu marekebisho ya mwaka 2020 Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe, na shauri lifunguliwe Mahakama Kuu. Ukiiingiza kijiji, Baraza linapoteza mamlaka na kesi inaanza upya. Je, kijiji kilikuuzia? Hapana, kilishuhudia. Basi mlete mwenyekiti au mtendaji aliyegonga muhuri awe shahidi, pamoja na majirani wanaojua mikichi ya mpakani ilipandwa na nani. Hali ingekuwa tofauti kama kijiji ndicho kilichomgawia muuzaji ardhi hiyo na mdai anapinga ugawaji wenyewe, hapo hakikwepeki.

Kabla ya yote hayo, mkague mdai. Anayedai mali ya marehemu lazima awe msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama; kwa Mahakama ya Mwanzo, aonyeshe Fomu Namba 4, yaani hati ya uteuzi huo. Muhtasari wa kikao cha ukoo hautoshi. Kama hana, weka pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria inayoamuliwa kabla ya kesi kusikilizwa, ndani ya utetezi wako. Kipimo hicho hicho kinakuhusu wewe: ikiwa muuzaji wako amefariki, wa kumuunganisha ni msimamizi wa mirathi yake, si mjane wala mtoto aliyebaki nyumbani.