Ngoma iko kooni: maswali yenu kuhusu Zap Mama

Wiki mbili zilizopita niliwagusia Zap Mama, wanawake wa Brussels waliojipatia jina kwa kuimba bila vyombo, na tangu siku hiyo ujumbe haujakatika. Nimechagua maswali matano.

Shikamoo dada. Hili ni kundi au ni mtu mmoja? Nikitafuta naona sura ya mwanamke mmoja tu. (Bagamoyo)

Marahaba. Inategemea unaangalia mwaka gani. Marie Daulne, mzaliwa wa Kongo aliyekulia Ubelgiji, ndiye aliyewakusanya wenzake mwishoni mwa miaka ya 1980, wengi wao wenye damu ya Kongo kama yeye. Albamu ya kwanza ilitoka 1991. Mwaka 1993 Luaka Bop, lebo ya mwanamuziki David Byrne, iliitoa upya Marekani kwa jina la *Adventures in Afropea 1*, ikapanda hadi kileleni mwa chati ya Billboard ya muziki wa dunia. Mwaka uliofuata ikaja *Sabsylma*, jina lililoshonwa kutokana na Sabine, Sylvie na Marie, nayo ikateuliwa kuwania Grammy. Kufikia *Seven* ya 1997 wenzake wa mwanzo walikuwa wameshaondoka, na tangu hapo Zap Mama ni Marie na yeyote anayemwalika.

Ni kweli baba yake aliuawa na Simba? Huku kwetu wazee bado wanawataja. (Bukavu)

Ni kweli. Marie alizaliwa Isiro mwaka 1964, mji ukiitwa bado Paulis, mwaka uleule waasi wa Simba walipoenea mashariki ya Kongo. Wazee wenu watakuwa wanayakumbuka mai ya Mulele, dawa waliyoamini inageuza risasi kuwa maji. Baba yake, Mbelgiji, aliuawa. Mama yake alikimbilia msituni na watoto, wakapokelewa na watu wa msitu, wale ambao wengi wetu tumezoea kuwaita mbilikimo. Baadaye familia ikasafirishwa Ubelgiji. Marie alipokuwa mtu mzima alirudi Kongo kujifunza uimbaji wa watu walewale waliomhifadhi mama yake. Kila ninapowasikiliza Zap Mama nalikumbuka hilo, na sioni namna ya kulitenganisha na muziki wenyewe.

Bila ngoma wanawezaje kuchezesha watu? (Mombasa)

Hili ndilo nililokuwa nalisubiri! Umewahi kuona wanawake watatu wakitwanga kinu kimoja? Mchi mmoja unashuka, wa pili uko juu, wa tatu unafuata, wala haigongani. Ukisimama mbali unasikia mdundo mmoja, ilhali kila mmoja anapiga pigo lake tu. Uimbaji wa watu wa msitu unakwenda hivyohivyo. Huyu anatoa silabi mbili na kunyamaza, mwenzake anaingia kwenye ule upenyo, wa tatu anaruka juu yao. Wimbo unaousikia hauimbwi na yeyote kati yao peke yake.

Kisha kuna ule mruko wa sauti kutoka kifuani hadi kichwani, ghafla, pasipo kupita katikati. Jaribu ukiwa jikoni: imba “oo” nzito, halafu ikatike iwe “ii” nyembamba. Mara ya kwanza utakohoa. Wao wanaufanya kwa kasi, wakiongeza pumzi inayovutwa kwa nguvu na ulimi unaogongwa kinywani, na hapo ndipo miguu yako inapokusaliti.

Kwa nini waliacha kuimba hivyo? Waligombana? (Nairobi)

Sitaandika umbea. Marie alitaka magitaa, ngoma na watu wa hip-hop, akaenda kuwatafuta. Kwenye *A Ma Zone* ya 1999 yupo Black Thought wa The Roots. Sally Nyolo, mwenzake wa kundini aliyetoka Kameruni, alishika njia yake mwenyewe na albamu ya *Tribu*. Mimi nazipenda zaidi zile mbili za mwanzo, nakiri.

Sisi ni akina mama wanane wa kwaya, mpiga kinanda wetu amehama. Tuanzie wapi? (Morogoro)

Msitafute kinanda kingine kwanza. Kaeni duara, muonane midomo. Chukueni kiitikio mnachokijua na mkikate vipande: wawili neno la kwanza, wawili la pili, wawili wakiguna mdundo. Imbeni polepole kuliko mnavyotaka, na anayepotea anyamaze mpaka asikie nafasi yake inarudi. Hao ni sita.

Mmoja abaki kuongoza. Wa nane awe besi. Nina hakika mnaye mama mmoja mwenye sauti nzito, ambaye miaka yote mmekuwa mkimwambia apunguze. Mwekeni katikati.