Saa ya babu yako na huo Mnyauko wako

Mwanangu,

Meseji yako nimeisoma mara mbili, na ile voisi nimeisikiliza huku napepeta mchele. Kwamba unaandika hadithi ya dunia ya kubuni, kuna mawe ya nguvu yanamulika mji mzima, yakichoka yanaanza kuoza na kutoa kitu unakiita Mnyauko, na unaniuliza kwa vile nilikaa chumba cha eksirei miaka yote ile, eti mtu akishika jiwe linalooza afe baada ya siku ngapi ili msomaji aamini.

Siku ngapi inategemea amepata kiasi gani. Ila mi ningeanza na kwa nini amelishika, maana hapo ndo mnapokosea nyie waandishi, mnafanya kitu cha hatari kionekane cha hatari. Kule Brazil, mji wa Goiânia, mwaka 1987, vijana wawili waliingia kwenye kliniki iliyohamwa wakang'oa kichwa cha mashine ya kutibu saratani wakakiuza kwa mtu wa skrepa. Ndani mlikuwa na unga wa sesiamu, madini yanayotoa mionzi, haufiki hata gramu 100, usiku unatoa mwanga wa bluu. Yule bwana akauona mzuri, akaita ndugu na majirani waje watazame, wakagawana, wengine wakajipaka mwilini kama pambo la harusi. Mtoto wa miaka 6 akauchezea akala na mikono ileile. Watu zaidi ya 112,000 ikabidi wapimwe, na wanne walikufa Oktoba ya mwaka uleule, akiwemo huyo mtoto.

Kama ni siku unazitaka basi chukua hivi: mtu aliyepigwa sana na mionzi anatapika mapema, halafu anapata nafuu, wiki moja mbili yuko sawa kabisa, nyumbani wanapika pilau mgonjwa kapona, kumbe uboho ushakufa na damu mpya haitengenezwi. Hiyo nafuu iweke kwenye hadithi, inatisha kuliko kutapika.

Na usiandike kwamba jiwe likiacha kumulika limekuwa salama. Kuzimika si kuisha. Nimekwambia hivyo tangu ulipokanyaga jivu la jiko la mamdogo Zena, na kovu unalo.

Nilijifunza kwa saa ya babu yako. Si unaikumbuka kwenye picha, ile aliyopewa na Mgiriki wa shamba la mkonge. Sisi tukiwa wadogo tulikuwa tunaiiba akilala, mimi na Zena na mjomba wako tunajifunika shuka gubigubi, na mle ndani tarakimu zote za kijani zinawaka, mjomba anasema ni macho ya paka kumi na mbili. Mpaka leo sijaona kitu kizuri kama kile, nakwambia kweli. Baadaye mwanga ukafifia ukaisha, babu yako akasema rangi imekufa, akaendelea kuivaa.

Niko chuo mwaka wa pili ndo tunafundishwa kwamba rangi zile zilikuwa na radiamu, nayo inatoa mionzi. Kinachochakaa ni ile dawa inayong'aa iliyochanganywa nayo, radiamu yenyewe inachukua miaka 1600 kupungua nusu. Mashine ya eksirei ukizima swichi imezima, radiamu haina swichi. Likizo nikarudi Tanga na ujuzi wangu nusu kibaba, Ijumaa mzee kalala, saa iko dirishani, nikaizungushia karatasi ya sigara nikaondoka nayo. Mkubwa wangu wa kazi akaifungia kwenye kisanduku cha madini ya risasi, sikuiona tena.

Babu yako aliitafuta siku tatu, ya nne akasema kachukua yule kijana wa mkokoteni aliyekuwa anatuletea maji. Kijana akaapa, akalia pale kibarazani, na mimi nimesimama mlangoni na upawa mkononi, sikusema kitu. Hakuja tena mtaani kwetu.

Sasa ukiniuliza, saa ikiwa imefungwa na kioo chake madhara yake madogo, hatari ni kuifungua ukavuta lile vumbi. Kwa hiyo nilikuwa na kiherehere. Lakini babu yako alikuwa anaifungua na kisu mwenyewe, anapuliza ndani kwa mdomo! Kwa hiyo nilikuwa sahihi. Lakini alikufa na miaka 81, kwa presha. Kwa hiyo sijui, na usinilazimishe niseme. Kuiondoa, labda. Hilo la kunyamaza... basi, niache.

Nilimwambia miaka sita baadaye. Alisikiliza yote, radiamu, vumbi, kila kitu, afu akauliza, "Ulipoichukua ilikuwa inatembea?" Nikasema ndiyo. Akatikisa kichwa akaomba chai.

Kwa hiyo Mnyauko wako usiupe mwanga wowote. Jiwe liwe limeshafifia, mzee amelivaa, analipenda. Na kwenye huo mji wako muweke kijana anayeuza maji, umpe mkokoteni mzima, matairi yote mapya.

Mamako