Kesi iko Baraza, na ofisi ya ardhi nayo imeniita: jibu langu kwa mleta mada

Mkuu, pole. Umesema ulinunua kiwanja Nzuguni, Dodoma, kwa mkataba wa serikali ya mtaa, mwenzako kaibuka na hati, kesi iko Baraza la Ardhi na Nyumba, na sasa ofisi ya ardhi imekuita usuluhishi. Unauliza ufuate kipi. Yalinikuta Ntyuka, Dodoma hiihii, na naona unaelekea kulekule nilikojikwaa.

Nilinunua 2013. Muuzaji akaliuza tena eneo lilelile. Mnunuzi wa pili akapima, akapata hati. 2019 nakuta bikoni, yale mawe ya mipaka ya upimaji, na lori linamwaga mawe ya kujengea. Nikabisha kila mlango: barua ofisi ya ardhi, barua kwa mkuu wa wilaya, kesi Baraza. Nilijiona mjanja. Kumbe ofisini wakaandika kwenye jalada kwamba shauri lina kesi, wanasubiri uamuzi. Huku Barazani mwenzangu kila tarehe anaomba ahirisho, eti tunazungumza ofisini. Karibu mwaka mzima huyu anamngoja yule, na ukuta unapanda. Nilipokuja kufanya upekuzi kwa Msajili wa Hati, yaani kukagua daftari lake kiwanja ni cha nani na kina deni gani, kilishawekwa rehani benki.

Hapo ndipo nililia. Kabla ya barua yoyote nilipaswa kuweka zuio kwenye daftari la Msajili, mawakili wanaliita kaveti, fungu la 78 la Sheria ya Usajili wa Ardhi, Sura 334. Haliamui mali ni ya nani, ila kila anayepekua anakutana nalo. Kesi peke yake haijiandiki kwenye daftari. Mtu wa benki alipekua, akaona hati safi, akakopesha. Simlaumu.

La pili ndilo lililonimaliza: unamshtaki nani? Mimi nilimshtaki muuzaji na mwenye hati tu. Lakini nilichotaka ni hati itenguliwe, na aliyeitoa, yaani serikali, hakuwemo. Sasa tangu mabadiliko ya sheria ya Februari 2020, ukishtaki serikali, hata halmashauri au jiji, lazima umuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, utoe notisi ya siku 90, na kesi iende Mahakama Kuu. Baraza halina mamlaka hayo, hata kama kiwanja chako hakifiki ukomo wake wa shilingi milioni 300. Mashahidi wangu watatu walishatoa ushahidi lilipoletwa pingamizi hilo la mamlaka. Shauri likaondolewa, nikaanza moja.

Siku 90 zile ni mbaya kuliko kesi yenyewe. Huna shauri popote na mwenzako anaendelea kujenga. Wakili akaniombea zuio la Mareva Mahakama Kuu, amri ya muda ya kusimamisha mambo, ambayo huombwa wakati notisi bado haijaisha. Muulize wako.

Mkuu wa wilaya alinisikiliza vizuri tu, ila hafuti hati, na ile miaka 12 ya ukomo wa kudai ardhi haisimami kwa sababu unangoja majibu ya barua.

Ofisi ya ardhi siikatai. Nilichopaswa kuwaomba ni nyaraka, si uamuzi. Nakala ya ramani ya upimaji niliyoipata kwao ilionyesha bikoni ziliwekwa miaka minne baada ya mkataba wangu, na ndiyo iliyomleta mwenzangu mezani. Tukaelewana: akabaki na kiwanja, akanilipa kwa awamu, makubaliano yakasajiliwa mahakamani ili asinigeuke. Aliyetuuzia sijamtia machoni mpaka leo.

Kwa hiyo kwenye huo wito nenda. Beba nakala ya madai yako, omba ramani na jalada la upimaji kwa barua, na nakala yako igongwe mhuri wa kupokelewa. Wakikuwekea karatasi ya kukubali kiwanja mbadala, usisaini palepale. Kiulize kwanza kimepimwa, kina namba gani, na nenda ukakione kwa macho yako. Na kesho asubuhi, kabla ya yote hayo, fanya upekuzi kwa Msajili.