Kesi yako ikitajwa nawe uko kwenye simu

Tangu mwaka 2020 mahakama nyingi za Kenya husikiliza kesi kwa Microsoft Teams, programu ya mikutano ya video, na kwa asiye na wakili simu ya mkononi yatosha. Wengi hukwama zile sekunde chache karani anapoita namba ya kesi na pasipatikane wa kuitika. Inauma kuona mwenye haki yake akipoteza siku kwa sababu ya kitufe.

Jioni ya kuamkia siku ya kesi, fungua orodha ya kesi kwenye tovuti ya Kenya Law. Tafuta kituo chako cha mahakama, kisha jina la hakimu. Faili likihamishiwa kwa hakimu mwingine, linki ya Teams ya mwezi jana itakupeleka kwenye kesi za watu wengine. Usipojiona kwenye orodha, pigia masjala simu asubuhi na mapema.

Ingia robo saa kabla. Si lazima uwe na akaunti. Ukiulizwa jina, andika namba ya kesi, jina kamili na nafasi yako: "E123/2024, jina, mdaiwa". Karani hawezi kumtambua mtu aliyejiandika "Samsung". Ukiruhusiwa kuingia kikaoni kutoka lobi, yaani chumba cha kusubiri, zima maikrofoni, na uzime video zinazoingia ili data isiishe. Kamera yako iwashe zamu yako ikifika.

Kinachoharibu zaidi ni simu kuingia katikati. Ukiipokea, korti haikusikii tena. Elekeza simu zako kwenye laini nyingine kwa *21*namba#; baadaye ##21# huondoa. Chaja iwe karibu: kutajwa, yaani kesi kuitwa ili ipangiwe hatua inayofuata, huchukua dakika mbili, lakini zamu yaweza kufika saa tano.

Ukiitwa, washa maikrofoni, vuta pumzi, ndipo useme: "Mheshimiwa, mdaiwa yupo." Ukianza papo hapo, neno la kwanza humezwa. Andika tarehe unayopewa, na kama ni ya kutajwa au ya kusikilizwa. Usirekodi bila ruhusa ya mahakama.

Mtandao ukikatika, rudi kwa linki ileile na usubiri kesi inayoendelea iishe. Faili lililokosa jibu mara nyingi huwekwa kando na kuitwa tena. Ukikosa kabisa, fika masjala siku hiyohiyo usome amri iliyotolewa. Katika madai, Agizo la 12 la Kanuni za Mwenendo wa Madai huruhusu ombi la kutengua uamuzi uliotolewa bila wewe kuwepo. Katika jinai, hati ya kukamatwa yaweza kuwa imeshatoka, hivyo jipeleke kortini mwenyewe kabla polisi hawajakufuata.